Wito wa Kazija

"Upepo hupeleka wito, hauleti itiko." Ndivyo jirani alivyomwambia mama yenu leo, alipokuwa akilalamika kwamba kaka yenu huko ughaibuni hajibu salamu zake, nanyi mkanijia mbio mnataka maana. Mngeendelea na michezo yenu ingekuwa heri, maana methali hii haina kicheko ndani yake. Haya, kaeni. Ilianza hivi.

Palikuwa na uwanda ulioitwa Vumo, ambako upepo haukulala hata siku moja. Tangu dunia kuumbwa ulitoka upande mmoja na kwenda upande mmoja, mpaka Ukingoni, mahali ambapo nchi hukatika na chini yake hakuna kitu. Mti haukuota. Nyumba zilichimbwa ardhini, na akina mama walishona kokoto kwenye pindo za nguo za watoto ili wasipeperushwe. Mbuzi walilishwa upande wa Ukingo, na mchungaji alirudi nyumbani akiukabili upepo uso kwa uso.

Vumbi likitimka, mtu hakuona hata mkono wake. Hapo mmoja wa nyumbani kwake alipanda juu ya paa la udongo na kuita jina lake, naye aliyepotea akaifuata sauti. Wachungaji walifundishwa tangu utotoni: usipoisikia tena, ujue umeshakipita kijiji, geuka urudi. Na wote waliofika salama walisema, "Nilikuwa naitika." Lakini mtu akishafika, nani ana haja ya kuuliza maitiko yake yaliishia wapi? Walimpa maji, wakamtania, wakaenda kula.

Tena walikuwa na mwiko: jina la marehemu haliitwi. Ukimwita, walisema, atakuja na kuondoka na mwingine.

Siku moja vumbi lilimkuta Fumo malishoni. Huyu alikuwa mwana pekee wa mjane Kazija, kijana ambaye posa yake ilikuwa imekwisha kupokelewa. Kazija alipanda juu ya paa asubuhi, akaita mpaka jua likaanza kushuka. Sauti ilimkauka, akanywa maji, akaita tena. Hakusikia kitu ila upepo.

Shemeji yake, Mdoe, aliyekuwa mkubwa wa ukoo, alipanda akamshika bega. Msimchukie Mdoe. Hakuwa mtu mbaya, alikuwa mwoga tu, na woga tunao sote.

"Shemeji, inatosha. Angekuwa hai angeitika."

"Labda yuko mbali. Niache kidogo."

"Umeita mchana kutwa! Sasa unaita maiti, na sisi tuna watoto humu ndani. Unataka aje atuchukulie nani?"

"Ni mwanangu, Mdoe."

"Alikuwa mwanao. Shuka, mama, tuanze matanga."

Kazija alishuka. Hakuburutwa wala hakuzibwa mdomo. Alishuka kwa miguu yake mwenyewe, kwa sababu alikuwa amechoka, na kwa sababu alikuwa ameanza kuamini.

Vumbi lilipotulia kesho yake, walimkuta Fumo amelala upande wa Ukingo, si mbali na zizi la mbuzi. Alikuwa bado anapumua. Kazija alimpakata, akamtilia maji mdomoni, yakamwagika.

"Mama," alisema kwa sauti iliyokwaruza, "kila uliponiita niliitika. Naam, mama. Naam, mama. Nilikuwa nimeshakaribia. Uliponyamaza nikadhani nimekupita, nikageuka."

Akainua macho kumtazama.

"Mbona uliacha?"

Kazija alifungua mdomo amjibu, na kijana akakata roho mapajani mwake. Jibu lenyewe angelitoa wapi? Mimi nina mvi hizi zote, na hata leo silijui.

Wakamzika. Watu walipotoka makaburini, Kazija alipanda tena juu ya paa, akasimama palepale, akaita, "Fumo! Fumo wee!" Wanawake walikimbiza watoto ndani, wakafunga milango. Mdoe alibaki nje peke yake, machozi yanamtoka na upepo unayakausha.

"Shemeji, nakuomba, nakupigia magoti. Utatumaliza. Fumo amekufa, na wafu hawaitiki."

Kazija alimtazama kutoka juu ya paa. Hakuwa na hasira. Heri angekuwa nayo, ingempa mahali pa kushika.

"Na jana, alipokuwa hai," akamwuliza, "wewe ulimsikia?"

Mdoe akatikisa kichwa.

"Hukumsikia. Hata mimi mama yake sikumsikia, nikashuka. Upepo hupeleka wito, hauleti itiko."

Akageukia Ukingoni, akaita tena.