Mbeleka na Jabali la Kirea

Tulieni, enyi wana wa Kirea, niwape habari za zama zile jua kubwa na jua dogo yalipokuwa yakichomoza pamoja, na mawe yalipokuwa bado yakisikia maneno ya wanadamu. Katika zama hizo Mama Sihaba, mke wa Tondoro, mwana wa Makwaya aliyewaongoza wazee wetu kushuka bondeni humu, alimzaa binti, Mbeleka, Mbeba-Jabali, Ulimi-Usiopinda, mzazi wa fikra zetu. Na juma lilo hilo akampokea mtoto yatima aitwaye Chengo, akawanyonyesha wote wawili ziwa moja, hata watu wakasahau yupi kazaliwa na yupi kaletwa.

Mbeleka alipotimiza miaka kumi na sita, mto wetu ulikauka. Wapo waliosema mizimu imekasirika, wapo waliosema mto umekufa kama afavyo mtu. Mbeleka alikwenda kutazama. Alipanda mlima siku tatu peke yake, akalikuta jabali lililoporomoka likaziba njia ya maji, akatega sikio, kisha akalitamkia: "Maji yapo nyuma yako. Nimeyasikia." Akaliinua jabali lile, kubwa kupita nyumba sita, akalibeba mgongoni hadi kwenye mlango wa bonde, kwani mawe ya zama hizo yalimtii mtu ambaye neno lake halikuzidi alichokiona.

Hapo ndipo ilipoanza elimu yetu. Mbeleka aliwakusanya watu uwanjani, akawafundisha kuyapima maneno kabla ya kuyatoa, na kila aliyedai jambo aliulizwa, "Umejuaje?" Wachawi walihama bonde, waongo wakawa mabubu, na Mfalme Sakuri wa nyika za mashariki aliposhambulia mara mbili, mara mbili Mbeleka aliuziba mlango kwa jabali, naye Chengo akisimama ubavuni pake na ngao.

Lakini baada ya vita vya pili, Chengo alisimama uwanjani akasimulia jinsi adui mia walivyomkimbia pale kivukoni. Mbeleka, ambaye hakumbagua mtu katika kupima, akamuuliza, "Umejuaje kama walikukimbia wewe, wala si mafuriko?" Watu wakacheka. Chengo naye akacheka, akaketi, na tangu siku ile akawa anakula peke yake.

Kumbe wajumbe wa Sakuri walikuwa wakimtafuta mtu kama huyo. Walikutana naye kisimani, wakamwahidi kiti cha kulitawala bonde, naye akawaambia, "Dada yangu haumizwi na mkuki. Mfanyeni aseme asilolijua. Hilo niachieni mimi."

Haukupita mwezi, mwanamke mfinyanzi aitwaye Lukemo akasimama mbele ya watu akasema, "Nimemwona Chengo kisimani na watu wa Sakuri. Nimewaona kwa macho yangu, na udongo wa miguu yao bado upo pale. Mbeleka, nenda ukautazame."

Uwanja mzima ulimgeukia Mbeleka. Kisima kilikuwa mwendo mfupi tu. Alikwisha kuinuka, mkono wake umeshika fimbo, Chengo alipopiga magoti mbele yake.

"Dada," akasema, "tumenyonya ziwa moja. Nami pia utakwenda kunipima kama mgeni?"

Mbeleka alimtazama Mama Sihaba, aliyekuwa amejifunika uso kwa kanga. Akaukumbuka uwanja ulivyocheka, akaona haya kwa mara ya kwanza. Akaiweka fimbo chini.

"Chengo hawezi kutusaliti," akasema. "Najua."

Viganja vyake vikaingia baridi, naye akadhani ni upepo.

Siku ya tatu, majua yote mawili yakiwa utosini, majeshi ya Sakuri yalifika. Mbeleka alilikumbatia jabali, nalo halikutikisika. Akasukuma hadi kucha zikatoka damu. Watu walikuwa wakianguka kulia na kushoto kwake, Lukemo akiwa wa kwanza, alipoinua macho akamwona Chengo katikati ya adui, amevikwa joho jekundu la Sakuri. Hapo akafahamu. Kilichomuuma kuliko mikuki yote ni kwamba Chengo hakuyakwepa macho yake.

Mbeleka akapaza sauti, watu wote wakamsikia: "Jabali halikukosea. Nilisema najua, kumbe nilikuwa napenda tu. Ndugu yangu amenisaliti. Hilo nimeliona."

Nguvu zikamrudia. Lakini adui walikwisha kujazana mlangoni, na hapakuwa na njia ya kuuziba ila kwa kuwasukuma nje pamoja na jabali. Akalipakata kifuani, akalisukuma mbele hatua kwa hatua hadi wote wakawa upande wa pili. Kisha akalizunguka, akalivuta nyuma yake likaziba mlango kabisa, naye akabaki huko pamoja nao.

Waliokuwa ndani walimsikia Chengo akisema, "Dada, waliniapia hawatakuua." Walipopanda juu ya miamba, nyika ilikuwa tupu. Jeshi limekimbia, na Mbeleka na Chengo hawakuonekana tena, wazima wala maiti.

Ndiyo maana sisi watu wa Kirea husema nimeona, au nimesikia, au napenda, wala hatuchanganyi. Na bwana arusi akiulizwa kama anamjua mkewe, hujibu kwamba anampenda. Mama Sihaba aliishi miaka mingi baada ya hapo. Kila asubuhi alikwenda kuketi chini ya jabali akalia, na watu walipomuuliza anamlilia mtoto yupi kati ya wale wawili, hakumjibu mtu hadi alipozikwa.