Chiriku, Kipanga na Pete ya Mguuni

— Niwape, nisiwape?
— Tupe!
— Na mkichanganyikiwa?
— Tutachanganyikiwa na wewe!

Haya basi. Chiriku alikuwa anarudi kiotani, kumbikumbi mdomoni, makinda wanalia njaa. Mara pwaa! Kanasa kwenye wavu uliotegwa kati ya nguzo mbili, nyuzi nyembamba hata hazionekani. "Maskini wanangu! Nani atawalisha?"

Wakaja watafiti wa ndege. Wakamtia kwenye mfuko wa kitambaa, wakampima uzito. Chiriku hakuelewa. Wakampima bawa kwa rula. Chiriku hakuelewa. Wakampuliza tumboni, fuu! Manyoya yakaachana.

"Mafuta hana," akasema Mwanasha, mkubwa wao.

Mafuta! Chiriku akajua hapo ni kikaangoni moja kwa moja. Kumbe wapi! Wakamvika pete mguuni, tik!

"Pete ina namba yake," Mwanasha akamweleza mwenzake. "Akinaswa tena popote, tutajua kafika wapi na kaishi miaka mingapi."

Wakamwachia, purr! Chiriku kichwa kinamzunguka. Mtu mzima na akili zake akukamate, akupime, halafu asikule? Na kama anataka kujua niendako, si aniulize?

Hajafika mbali, Kipanga huyo! Akambana kwenye tawi. "Leo nakutafuna na mifupa yako."

"Nitafune, bwana mkubwa. Ila nimekonda, wamenipuliza wakaona. Ndiyo maana wamenipa pete. Mwenye pete analetewa kuku."

"Kuku?"

"Kuku."

"Mzima?"

"Na vifaranga wake."

Mate yakamjaa Kipanga. "Pete zinatolewa wapi?"

"Pale, kati ya nguzo mbili. Pita kwa kasi, usiangalie pembeni."

Kipanga akamwachia Chiriku, akapita kwa kasi. Pwaa! Wakampima. Wakampuliza, fuu! Wakamvika, tik! Wakamwachia.

Chiriku huyoo, kwa wanawe. Kipanga akatua juu ya hema la watafiti, akanyanyua mguu wenye pete, akangoja kuku. Akangoja weee! Kipanga haelewi mbona haletewi. Watafiti hawaelewi mbona haondoki.

Hadithi yangu imeruka, mwenye wavu aikamate. Na funzo lake, wanangu: msiseme uongo! Chiriku alisema uongo, mwoneni alivyoadhibiwa: yu hai, ana wajukuu, na kila akinaswa Mwanasha anampigia makofi. Kipanga hajamdanganya mtu maishani mwake, na kuku wake yuko njiani.