Miguu ya Shauri la Namkunda

Msimsikilize sana jirani yetu Elinihaki. Yeye hudai hakimu alilishwa mbuzi mzima, ndiyo maana Namkunda akashindwa. Hakuna mbuzi aliyechinjwa. Mmeniuliza usemi huu, "Shauri halina miguu", umetoka wapi. Ulianza hivi.

Namkunda alifiwa na mume, akamzika kwenye migomba yao. Matanga hayajapoa, shemeji yake Mbonea aling'oa masale ya mpaka, akayapanda upya ndani ya shamba la mjane. Kaburi likabaki upande wa Mbonea. Namkunda akashuka mahakamani wilayani, akafungua shauri, akapewa karatasi yenye tarehe.

Sasa, huku kwetu milimani ukishawapelekea wazee jambo lako na kibuyu cha pombe, unarudi nyumbani kutulia. Kuwafuatafuata ni kuwaambia wamelala. Wakiwa tayari, humtuma mtu akuite. Namkunda alilelewa vizuri. Akaiweka karatasi ndani ya Biblia, akangoja.

Kahawa ikachumwa mara mbili. Asubuhi moja akamkuta Mbonea analima mpaka miguuni pa kaburi. Ndipo aliposhuka tena.

"Shikamoo, mama," karani alimwamkia.

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kuuliza kama wazee wameshakaa."

Karani akafunua jalada. "Mama, ulikuwa wapi? Umeitwa hapo mlangoni mara tatu."

"Sikumwona mtu aliyetumwa."

"Hatutumi mtu. Tarehe ulipewa mkononi. Shemeji yako kila mara alikuwa kwenye benchi lile. Shauri limefutwa, mwenyewe hakulifuatilia."

"Kwa hiyo mmesema shamba ni lake?"

"Hatukusema ni la nani. Hatukufika huko."

Namkunda akashika ukingo wa meza. "Niliona aibu kuwasumbua."

Karani akamsogezea kiti. "Shauri halina miguu, mama yangu. Ukiliacha hapa, linalala hapa hapa."

Akamwandikia barua ya kuomba shauri lirudishwe. Namkunda akataka iongezwe sentensi moja: "Naomba mniite tena, safari hii mtanikuta mlangoni." Akatia dole gumba.

Jibu halijatoka hata leo. Lakini kila Jumatatu, umande haujakauka, Namkunda huyo anateremka. Ukimuuliza kwa nini asingoje nyumbani kama watu wengine, hasimami hata kukujibu.

"Shauri halina miguu," husema, "ila hii yangu."