Dakika Tano za Mama Viazi

Hii imenifurahisha, nikaona si haki nicheke peke yangu. Ukimaliza, mpelekee mtu mmoja anayelima na mwingine anayenunua.

Katika nchi moja ya milima na baridi palikuwa na mbunge aitwaye Veridiana Mligo. Alilelewa kwa viazi, akasomeshwa kwa viazi, na hata siku anaapishwa kucha zake zilikuwa bado na udongo wa shamba. Wenzake wakambandika jina la Mama Viazi. Hakukasirika. Alisema yapo majina mabaya kuliko hilo, na wenye majina hayo anakaa nao humo humo bungeni.

Kwa miaka kumi na tano alipigania jambo moja tu: lumbesa. Kwa asiyeijua, ni hivi. Mkulima anajaza gunia mpaka mdomoni, mnunuzi anasema bado. Linashonewa kipande kingine juu, linajazwa tena mpaka linaota kichwa. Bei inabaki ya gunia moja. Mkulima akikataa, lori linaondoka na viazi vinamwozea.

Mara mbili Mama Viazi alipeleka muswada kwamba viazi viuzwe kwa mizani. Mara mbili ukaangushwa. Sasa alikuwa anastaafu, na hii ya tatu ndiyo ya mwisho. Ukianguka tena, atarudi kwa majirani zake mikono mitupu.

Aliyetangulia kusema ni Mheshimiwa Lukanga, mbunge mwenzake na mnunuzi mkubwa wa mazao, mtu wa tabasamu pana.

"Mheshimiwa Spika, kile kipande cha juu ni ukarimu tu. Ni nyongeza! Nani amewahi kufa kwa kuongeza kidogo?"

Ukumbi ukacheka. Spika akampa Mama Viazi dakika tano.

Akaeleza habari za mbegu, mbolea na ukungu unaokausha majani. Kengele ikalia.

"Muda wako umekwisha, Mheshimiwa."

"Ahsante sana, Mheshimiwa Spika," akasema, kisha akaendelea na mvua ya mawe.

Kengele ikalia tena. Kipaza sauti kikazimwa. Wapi! Mtu aliyekulia kuita watu ng'ambo ya bonde ana shida gani na kipaza sauti? Saa ya chakula ilikuwa imefika, na waheshimiwa walianza kutazama mlango.

Lukanga hakuvumilia. Akaruka juu.

"Mheshimiwa Spika! Huyu kapewa dakika tano, sasa ni ya saba! Anatuibia muda wetu!"

Mama Viazi akamgeukia, uso umemjaa furaha.

"Kaka yangu, hizi mbili si ukarimu tu? Ni nyongeza. Zimekuuma kiasi hicho? Basi akina mama wa kwetu wanaongeza hivyo kila msimu, tangu walipoolewa."

Mmoja nyuma akaangua kicheko, meza zikaanza kupigwa, Spika mwenyewe akaficha uso kwa makaratasi. Lukanga alibaki amesimama, kisha naye akacheka mpaka akakaa. Kura ilipoitishwa, "ndiyo" yake ilisikika kuliko zote.

Msimu uliofuata mizani ikafika sokoni. Bibi mmoja mjane, Sekela, akamimina viazi vyake. Mshale ukagota kwenye kilo mia, gunia likafungwa, na chini vikabaki viazi vya debe zima. Kwa mazoea ya maisha yake yote, akainama akaanza kumsogezea mnunuzi.

"Hapana, mama," mnunuzi akamwambia. "Hivyo ni vyako."

"Vyangu?"

"Vyako. Beba nyumbani."

Bibi Sekela akavivuta tena upande wake. Kisha akapiga kigelegele ambacho soko zima liliacha biashara likakipokea. Mama Viazi, aliyekuwa kwenye foleni na gunia lake, alilia bila aibu.

Funzo: Kabla hujasema kidogo hakiumi, kitoe wewe kwanza.