Tanki la Mwenye Kisa

Tegeni masikio, nami niwatupie neno lenye ncha tatu.

Kusini mwa Unguja waliishi wanawake watatu wa kazi ya makumbi. Makumbi ya nazi huyafukia katika tope la pwani miezi mingi, kisha huyafukua na kuyaponda yangali mabichi, wapate usumba wa kusokota kamba. Kumbi likikauka kabla ya kupondwa, limepotea. Mize alijaaliwa ustahimilivu. Time alijaaliwa ulimi. Bihawa alijaaliwa mikono.

Akaja Bi Raya wa redio, mkusanyaji wa maisha ya wanawake wasiosimuliwa. Akamwendea Mize, mkubwa wao.

"Sina maisha, mwanangu," Mize akamjibu. "Nina kazi."

Kweli, asubuhi hiyo alikuwa amefukua shimo zima. Bihawa akamwambia akakae kivulini na mgeni, asimulie; makumbi yake atayaponda yeye, pamoja na yaliyo yake mwenyewe. Akaponda hata viganja vikaota malengelenge, na halikukauka hata kumbi moja.

Lakini mbele ya kinasa sauti Mize aliketi kimya. Time ndiye aliyemchokoza.

"Shoga, mwambie habari za yule bwana aliyekuacha na mimba, kisha mwezi wa Ramadhani akarudi kuomba futari."

Mize akacheka. Kicheko kikageuka kilio, na maneno yakafuata: watoto aliowazika, nyumba aliyoijenga kwa pesa za kamba, mgongo usionyooka tena.

Kipindi kikasikika nchi nzima. Redio ikatuma shukrani: tanki moja la kukingia mvua, liwekwe chini ya paa la mwenye kisa. Kisima kilikuwa mbali, na wote watatu walikiendea kila alfajiri.

Bi Raya akashauri walitumie pamoja.

"Tumeshirikiana ndoo, jiko, hata kanga za msibani," Mize akasema. "Safari hii kila mtu anataka chake."

Akaongeza kuwa tanki ni lake, kwani maisha yale hakuyaazima kwa mtu. Time akauliza ni nani aliyeyatoa, maana yangezikwa naye. Bihawa hakuinua uso.

"Nyinyi mlisema," akanena taratibu. "Muda mlioutumia kusema ulikuwa wangu."

Dereva aliyelileta tanki akauliza mara ya pili alishushe wapi. Watatu wale walikuwa wamechoka hata kugombana.

Haya, ninyi mliosikia: tanki lishushwe mlangoni kwa nani?