Nusu Iliyofutwa Ilikwenda Wapi?

Wapendwa wa kundi hili, someni hadi mwisho kabla ya kuweka kidole gumba. Hii nimetumiwa na shemeji yangu, nami naituma kwenu kama ilivyo. Sijamlenga mtu. Nimerusha jiwe gizani tu, nikisikia "yalaa!" nitajua limempata nani.

Palikuwa na mkulima wa vitunguu aitwaye Amsi. Shamba lake lilinyweshwa na mfereji unaoshuka kutoka chemchemi, na wakulima wote wa bonde lile waligawana maji kwa zamu. Zamu yako ikifika unafungua, ikiisha unafunga, maji yanateremka kwa wa chini yako. Watu wa pale wangeweza kusameheana kuku aliyeibwa, lakini si maji.

Mwaka mmoja Amsi alikopa kwenye chama cha akiba na mikopo cha kijiji, akalima eneo kubwa kuliko kawaida yake. Vitunguu vilikubali. Tatizo ni kwamba vilikubali kwa kila mtu. Bei ikaanguka, wanunuzi wakaja na maringo yao, wakataka magunia yajazwe lumbesa, yaani kupita mdomo wa gunia kwa bei ile ile, jambo linalokatazwa kila mwaka. Amsi akauza kwa hasara huku akiwasaidia kupakia. Akapunguza deni kidogo, shilingi milioni tatu zikabaki.

Hapo ndipo aibu ilipomwingia. Ofisi ya chama iko kando ya barabara, jirani na mashine ya kusaga. Amsi akaiacha barabara, akaanza kupita njia ya ng'ombe, ndefu na yenye miiba, ili tu asionane na katibu. Simu ikiita aliilaza kifudifudi mezani.

"Baba Sisti, hiyo simu ina ugonjwa gani?" mkewe Veneranda alimwuliza siku moja.

"Betri," Amsi akajibu, na simu ikaendelea kuita.

Ndipo akatokea kijana mmoja kutoka mjini, Erasto, na pikipiki yake inayong'aa na viatu vilivyochongoka mbele. Alijitambulisha kuwa ni mtatuzi wa madeni.

"Mzee wangu, unateseka bure," alisema. "Kuanzia leo usikilipe chama hata senti. Wakikuita usiende. Wakipiga simu usipokee. Zile ulizokuwa uwape wao, niwekee mimi kila mwezi. Wakishachoka kukutafuta, nitawaendea niwaambie: huyu hana kitu, pokeeni nusu au mkose yote. Watapokea. Nusu nyingine inafutwa."

"Inafutwa kabisa?"

"Kama ubao wa shule."

"Na wewe unapata nini?"

"Changu ni kidogo tu, mzee wangu. Kafungu kutoka kwenye kile nitakachokuokolea."

Akamwachia karatasi ya mkataba, akasema atarudi Jumatano mchana kuichukua ikiwa na sahihi.

Siku hiyo Amsi alikula akashiba, jambo ambalo Veneranda hakuwa ameliona tangu mavuno. Lakini mama huyo hakufurahi.

"Mtu anayekukataza kuongea na anayekudai," alisema, "ana nini anachoficha?"

"Unataka tung'oe bati tuuze?" Amsi akafoka. Veneranda akakusanya vyombo.

Jumatano asubuhi ilikuwa zamu ya Amsi ya maji. Akafungua, akasubiri. Maji yakaja membamba, yanajikokota. Akabeba jembe lake, akaufuata mfereji kwenda juu, kama afanyavyo kila mtu wa bonde lile maji yanapopungua. Hakwenda mbali. Alimkuta jirani yake Hhando ametoboa ukingo, vitunguu vyake vinakunywa kwa raha.

"Hhando! Leo zamu ya nani?"

"Yako, jirani. Nimechepusha kidogo tu. Mfereji wote huu, hutaona hata upungufu."

Damu ikamchemka Amsi. "Kwenye mfereji hakuna kidogo! Yaliyopungua kwangu yako kwako. Unadhani yamepotelea hewani?"

Akaziba lile tundu kwa jembe lake mwenyewe, akageuka kurudi huku bado anabwata. Katikati ya njia akasimama. Maneno yake mwenyewe yalikuwa yamemrudia. Alisimama pale mpaka maji ya zamu yake yakampita miguuni, na akawa anajiuliza swali moja. Ile nusu ya deni itakayofutwa, inafutwa iende wapi?

Mchana Erasto alipofika alimkuta amekaa ukingoni mwa shamba, mkataba mkononi, hauna sahihi.

"Hebu nieleweshe," Amsi alisema. "Nusu inayofutwa, nani anaibeba?"

"Chama, mzee wangu."

"Chama hakina shamba wala duka. Pesa za chama ni akiba zetu sisi wanachama. Ya nani itakatwa?"

Erasto akaanza kuchoka na maswali. "Si una mdhamini? Watakata kwake. Ndiyo maana ya mdhamini."

Mdhamini wa Amsi alikuwa Mama Tarsila, mjane ambaye shamba lake liko mwisho kabisa wa mfereji. Lilikuwa la kukodi. Alikuwa amelilima kwa miaka na miaka, na bonde zima lilijua kuwa anaweka akiba ili alinunue, na kwamba mwenye shamba amekwisha kukubali kumwuzia baada ya mavuno. Alimwekea Amsi sahihi akiwa amesimama, beseni la mboga chini ya kwapa. Kwa watu wale kudhaminiana ni kama kuazimana chumvi. Mtu anaombwa, anatia sahihi, wanaulizana hali za watoto, na kuanzia hapo wote wawili wanasahau. Amsi alikuwa amesahau kabisa. Alipokumbuka aliona haya, tena haya ya kweli.

Akamrudishia Erasto karatasi yake. "Chukua. Sitaki."

"Utajuta. Wenzako wa bonde hili hili wana akili kukushinda."

"Basi kaa nao."

Akanawa miguu mferejini, akaenda nyumbani kuvaa shati la kanisani, akatoka. Safari hii alipita barabara kuu, mbele ya mashine ya kusaga, watu wakimwona. Alikuwa ameamua.

Kamati ya chama ilikuwa imekaa. Katibu, Mzee Bura, akavua miwani kumtazama vizuri.

"Amsi! Tumekupigia mpaka tukadhani umehama."

"Najua, katibu. Mnanidai."

"Deni lako lingesubiri. Tulikupigia kwa jambo jingine." Mzee Bura akashusha pumzi. "Hhando alileta kijana mmoja wa mjini mwenye pikipiki. Wakalipa nusu ya deni lake, nusu wakasema imewashinda. Na mdhamini wa Hhando ni wewe. Tulitaka uje kikaoni upinge, maana sote tunajua Hhando ana ng'ombe. Hukuja, hukupokea simu. Juzi tumekata kwenye akiba yako."

Amsi akatafuta benchi, akakaa. Akiba ile ndiyo aliyoitegemea kwa mbegu za msimu unaofuata. Simu zote alizokuwa akizilaza kifudifudi zilikuwa zinamwita aje aokoe chake.

Mjumbe mmoja akamwonea huruma. "Na wewe fanya hivyo hivyo, bwana. Dawa ya moto ni moto."

Na nisiwafiche, ndugu zangu, angefanya hivyo pale watu wangemwelewa. Hata mimi ningemwelewa. Alikuwa ameibiwa mchana kweupe, na mkataba wa kumwibia mwingine ungali unamsubiri kwenye pikipiki ya Erasto.

"Hhando nitamalizana naye," Amsi alisema. "Mdomo ninao na kwake nakujua. Lakini akitoboa yeye juu, nikatoboa na mimi kati, wa mwisho atakunywa nini? Leo nimekuja kwa langu."

Mzee Bura akavaa tena miwani. "Basi niambie ukweli. Umeshindwa kulipa, au umechoka kulipa?"

Nje mashine ya kusaga ilikuwa inanguruma. Amsi akaitazama mikono yake, yote miwili mizima.

"Nimechoka," akasema.

"Ahsante. Aliyeshindwa tunamjua. Mwaka jana mume wa Paulina alipopooza, mali yote ikaishia hospitali, tulikaa hapa hapa na mdhamini wake akiwepo. Tukapokea kile kidogo walichokuwa nacho, tukalifunga deni. Hakuna aliyejificha, na haikuwa aibu kwa mtu. Lakini wewe una nguvu, una shamba, una zamu ya maji. Unataka tukufutie nini?"

"Msinifutie kitu. Nipeni muda."

Wakampa. Deni likagawanywa kwa misimu mitatu, na faini ya kuchelewa wakamwondolea kwa kuwa alikuja kwa miguu yake mwenyewe.

Haikuwa rahisi, asiwadanganye mtu. Amsi alirudi kwenye eneo lake dogo la zamani, akauza baiskeli na redio ili apate mbegu. Veneranda akaanza kukaanga maandazi pale penye mashine ya kusaga, na kila chama kilipokutana alimtania mumewe kwamba betri ya simu imepona. Na kila Jumapili baada ya misa Amsi alikwenda kwa Hhando, akakaa mlangoni, akanywa chai, wala hakutukana. Aliuliza tu, "Jirani, ile akiba yangu?" Jumapili zikaongezeka mpaka Hhando akaishiwa na majani ya chai pamoja na visingizio, akauza fahali mmoja, akamrudishia mwenzake chake.

Siku Amsi alipolipa shilingi ya mwisho, alipotoka ofisini alimkuta Mama Tarsila amesimama barabarani na beseni lake la mboga. Shamba alikwisha kulinunua.

"Baba Sisti, nina shida. Nimepata shamba, sasa nataka kukopa nichimbe kisima changu, maana huku mwisho wa mfereji mnatuachia tope. Utanidhamini?"

Amsi akakosa raha. "Mama Tarsila, kabla sijakujibu kuna jambo. Ule mwaka wa lumbesa, nilibakiza kidogo tu nikuangushe."

"Najua."

"Umejuaje?"

"Tangu ulipoiacha barabara ukaanza kupita njia ya ng'ombe. Mtu mzima haendi kuchomwa na miiba bure. Nikamwendea mwenye shamba, nikamwomba anisubiri msimu mmoja, maana niliona akiba ya kulinunulia inaondoka."

"Na hukuniambia kitu!"

"Ningekwambia, ungetafuta njia ya tatu," mama akasema. "Nikasema ngoja nione atarudi kwa ipi."

Amsi akaingia tena ofisini, akaomba kalamu. Safari hii alisoma kila mstari kabla ya kutia sahihi, na Mama Tarsila akamsubiri amesimama.

Funzo: Kabla hujakubali deni lako likatwe nusu, jiulize kwanza kama umeshindwa au umechoka, na kile kitakachofutwa kwako kitaandikwa kwa nani. Aliyeshindwa na aseme waziwazi mbele ya wanaomdai na waliomdhamini. Aliyechoka na apumzike kidogo, kisha alipe.