Kitabu cha Ndimi Mbili

Huko Ulyankulu, mkoani Tabora, aliishi mwalimu mmoja, Esperansi, mwandishi wa vitabu vya watoto. Vitabu vyake vitano vya Kiswahili vilisomwa Urambo, Kaliua hata Tabora mjini, na watoto walizijua hadithi zake kwa moyo kama sala. Cha sita ndicho kilichomtia matatani. Alikiandika kwa lugha mbili: ukurasa wa kushoto Kiswahili, wa kulia Kirundi, lugha waliyokuja nayo wazazi wake walipoikimbia Burundi mwaka 1972.

Kitabu kilipotoka, mzee Nduwimana, katekista mstaafu, alimsimamisha nje ya kanisa.

"Mwalimu, sisi sasa ni raia hapa," alimwambia. "Lugha hiyo tuiache nyumbani."

Maneno hayo yalimkaa Esperansi moyoni kama mwiba.

Wiki mbili baada ya nakala kufika shuleni, alikuta rafu tupu. Mwalimu mkuu, Vedasto, alikiri kuwa amezifungia kabatini kwa sababu kuna mtu wa kijijini aliyekuja kulalamika. Jina hakulitaja, kwa kuwa alikuwa ameahidi kulificha. Esperansi alipotoka, alipishana mlangoni na Nduwimana, bahasha mkononi. Akaona hana haja ya kuuliza tena.

Tangu siku hiyo alimpa mzee mgongo. Wakikutana njiani, alimpita bila shikamoo. Akimwona mzee anazungumza na mtu, aliamini anayesengenywa ni yeye. Mzee akinyamaza, aliamini anapanga jingine. Watoto wake aliwakataza kuchota maji katika kisima cha mzee, wakawa wanakwenda mbali. Kalamu nayo aliiweka chini, kwa maana kila sentensi aliyoianza aliiona kama ushahidi atakaopewa adui.

Miezi miwili ikapita. Siku moja Vedasto alimwita, akamtolea barua. Ilikuwa ya Nduwimana, ile aliyoileta kwenye bahasha siku ile, na chini yake wazazi thelathini walikuwa wametia saini. Mzee aliandika kwamba mjukuu wake alimsomea kitabu kile, naye mzee akasikia humo Kirundi alichosemeshwa na mama yake utotoni, akajuta kwa aliyoyasema kanisani. Aliomba vitabu virudishwe kwa watoto, na siku hiyo kamati ya shule ilikuwa imekubali.

Esperansi alirudi nyumbani. Mama yake, Janeti, alikuwa uani akichambua maharage. Akamsimulia yote, akamaliza kwa kusema kuwa sasa hajui aliyemshtaki ni nani.

Janeti aliuweka ungo chini.

"Ni mimi, mwanangu," alisema. "Kule tulikotoka askari walianza kwa kuwachukua waliojua kuandika. Kaka yangu alikuwa mwalimu kama wewe, wakamchukua, hakurudi. Nilipoambiwa Kirundi kimechapishwa na jina lako juu yake, sikupata usingizi."

Esperansi alitaka kukasirika, hasira isije. Alikaa chini kando ya mama yake, akakifungua kitabu, akamsomea kurasa za kulia. Mama alisikiliza, kisha akamsahihisha neno moja.

Kesho yake Esperansi alibisha hodi kwa Nduwimana.

"Shikamoo, mzee. Nilikudhania vibaya."

Mzee aliufungua mlango wote.

"Marahaba, mwalimu," alijibu. "Nilikuwa nahesabu siku ulizoninyima salamu. Karibu ndani."

Aliingia ameinamisha kichwa, maana aliona wazi kuwa wahenga hawakukosea: umdhaniaye ndiye, kumbe siye.